Picha inaweza kuokoa mlima wa mawe? Naombeni mawazo, nipo Mwanza

mpigapicha_wa_alfajiri

Mwangaluka wakuu, poleni na majukumu.

Mimi ni mpiga picha hapa Mwanza, kazi zangu ni zile zile za wote, pasipoti saizi, harusi, kipaimara, mahafali, hizo ndo zinalipa kodi ya chumba. Ila kuna kazi moja hainiingizii hata mia na ndo ninayoipenda kuliko zote. Huu mwaka wa sita kila Jumapili kabla hakujakucha napanda mlima mmoja wa mawe upande wa Igogo, jina lake sitaliandika kwanza, nakaa juu nasubiri jua. Anayeijua Mwanza ananielewa, mawe yamepandana kama mtu kayapanga kwa mkono, ziwa kule chini bado jeusi, taa za wavuvi wa dagaa zinazimika moja moja wanarudi mwaloni, alafu mwanga unagusa jiwe la juu kabisa kabla haujafika kwenye bati la nyumba yoyote. Pimbi wanatoka kuota jua. Mijusi ile yenye kichwa chekundu nayo inatoka. Kuna mkuyu umeota ndani ya ufa wa jiwe, mizizi imeteremka juu ya mwamba mrefu kuliko mtu kutafuta udongo, nimeupiga picha masika na kiangazi mpaka sasa naujua kama ndugu.

Sasa huo mlima unaisha. Tangu mwaka juzi wanachoma matairi na magogo juu ya mwamba mpaka upasuke, zinafuata nyundo na mtaimbo, mwisho tipa inakuja kubeba. Nina picha ya jiwe moja lililokuwa limekaa juu ya lingine limegusa sehemu ndogo tu, ukiliangalia unasema litaanguka leo, na halikuanguka miaka yote hiyo. Jumapili iliyopita nimesimama palepale nilipolipigia, pana shimo lenye masizi. Nililia, nasema ukweli.

Nilichapisha picha 20 kwa hela yangu nikazipeleka ofisi moja, wakaniambia nzuri sana, kazitie fremu. Na jirani mmoja ndo alinimaliza kabisa, maana mimi nimezaliwa Uvira kule Kongo, nimekuja huku na mama nikiwa na miaka saba, akaniambia wewe mtu wa kuja, mlima wa watu unakuuma nini. Mwezi wa pili sasa hilo neno haliniachi.

Swali langu: kuna mtu yeyote, popote pale, picha zake zilishawahi kufanya mlima usiishe? Au najichosha na kujaza memori kadi tu?

mzee_chumba_cha_giza

Mwanangu pole sana, na huyo jirani msamehe. Nilikuwa na studio enzi za filamu, nasafisha picha mwenyewe kwenye chumba cha giza mpaka vidole vinabadilika rangi kwa dawa, kwahiyo hili swali lako nimelisoma mara tatu. Jibu ni ndio, yupo, na yeye pia alikuwa mtu wa kuja.

Anaitwa George Masa. Mjapani. Alifika Marekani mwanzoni mwa miaka ya 1900, na mwaka 1915 akaingia mji unaitwa Asheville, jimbo la North Carolina, mji uliozungukwa na milima. Akapata kazi kwenye hoteli kubwa pale, Grove Park Inn, ambayo nayo imejengwa kwa mawe makubwa ya mlimani yaliyopangwa bila kuchongwa, ukiona picha yake utaikumbuka Mwanza hapohapo. Alianzia chumba cha kufulia nguo, baadae akawa anabeba mizigo ya wageni, na huku akishika kamera. Wageni wakampenda, miaka michache mbele akafungua studio yake mwenyewe. Yani mtu kama wewe kabisa, picha za watu zinamlisha, moyo uko mlimani.

Hiyo milima inaitwa Great Smoky Mountains kwasababu ya ukungu unaokaa juu yake kama moshi. Wakati ule kampuni za mbao zilikuwa zinaila haswa, sehemu kubwa ya msitu ilishakatwa, reli zimepandishwa mpaka makorongoni kushusha magogo. Masa akakutana na mwandishi mmoja, Horace Kephart, naye sio mzaliwa wa pale, alikuwa mkutubi kule St. Louis akavunjikiwa na maisha akaenda kujificha milimani mwaka 1904, na milima ikamrudisha kuwa mtu. Hao wawili wakashikana. Kephart anaandika, Masa anapiga picha, magazeti na vijarida vya kampeni ya kuifanya milima hiyo hifadhi ya taifa vinachapa, watu wa mijini ambao hawajawahi kufika kule wanaona kitu kinachotaka kupotea.

Sasa sikiliza hapa maana ndo penye jibu lako. Masa hakupiga picha tu. Alikuwa mtu mdogo wa umbo, anapanda na kamera kubwa na stendi yake mgongoni, lakini pia alichukua gurudumu la baiskeli akalifunga mpini na kifaa cha kuhesabu umbali, akawa analisukuma mbele yake kwenye njia za mlimani. Ipo picha yake yuko nalo. Anasukuma, anasoma namba, anaandika. Njia gani inatoka wapi inafika wapi, umbali gani, kilele hiki wenyeji wanakiitaje, kijito kile kina majina mangapi. Yeye na Kephart walikuwa kwenye kamati ya kusawazisha majina ya hiyo milima, na sehemu ya ile njia ndefu ya waenda kwa miguu, Appalachian Trail, upande wa North Carolina ni yeye aliisaidia kuipata na kuipima. Kwahiyo walipokaa watu wa ramani na watu wa serikali, mezani hakukuwa na picha ya kupendeza peke yake, kulikuwa na picha yenye jina, umbali na mahali.

Wewe ulipeleka picha ishirini nzuri. Nikuulize bila kukuvunja moyo, nyuma ya kila picha uliandika nini?

Mwisho wa Masa unauma. Mdororo wa uchumi wa 1929 ulimpiga kama ulivyowapiga wengi, hela ikaisha. Kephart akafa kwa ajali ya gari Aprili 1931. Masa mwenyewe akafa Juni 1933 akiwa fukara, wenzake wa chama cha wapanda milima wakachangishana kumzika, alitaka alale jirani na rafiki yake lakini hela ya kumfikisha huko haikupatikana. Hifadhi ya taifa ikaanzishwa rasmi mwaka 1934, mwaka mmoja baada yake. Hakuiona. Mwaka 1961 kilele kimoja kikapewa jina lake, Masa Knob, futi 5,685 yani kama mita 1,730, na kiko ubavuni mwa mlima Kephart. Kaburini walitenganishwa, huko juu wakawekwa pamoja.

Na hilo la mtu wa kuja: mwaka 1922 Mahakama Kuu ya Marekani ilisema Mjapani hawezi kupewa uraia, na 1924 ikaja sheria ya kuwafungia mlango kabisa Wajapani kuhamia. Masa aliyajua hayo yote. Akaendelea kusukuma gurudumu.

binti_wa_kokoto

Mzee shikamoo, nimesoma kwa heshima. Kaka mwenye mada na wewe habari ya kazi. Naomba niseme kitu na msinichukulie vibaya.

Mama yangu ameponda kokoto miaka kumi na moja. Sio kwenye mlima huo, mwingine, lakini ni huku huku. Amekaa juani na kipande cha kanga kichwani, mpira wa tairi amezungushia jiwe lisimrukie, nyundo mkono wa kulia, mkono wa kushoto una makovu mpaka leo, ndoo moja moja mpaka lijae fungu la kuuza. Mimi nimesoma mpaka kidato cha nne kwa hiyo kokoto. Mdogo wangu alizaliwa wiki mama bado anaponda. Nyie mkija na kamera mnatupiga kwa mbali, mgongo tu unaonekana, na kwenye picha tunakuwa kama mchwa wanaokula mlima. Hakuna aliyewahi kusogea akauliza mama unaitwa nani, unauza ndoo bei gani, nani ananunua.

Ngoja nikwambie nani ananunua maana wewe hukusema. Mwenye tipa. Huyo haishi mlimani, anakuja anapanga bei yeye, ukikataa anaenda fungu la jirani, na ndo anayeleta matairi ya kuchoma. Mama hakuwa na uwezo wa kupasua mwamba mzima. Siku mlima ukiisha yeye anahamia mlima mwingine, sisi tunabaki na shimo, mvua ikinyesha maji na mawe vinakuja mpaka mlangoni. Mawe madogo ndo yalikuwa yanashikilia yale makubwa, kila aliyezaliwa mlimani analijua hilo.

Kwahiyo simpingi George wenu, ila kabla hujaokoa mlima jua mlima una wenyewe. Na hiyo hifadhi ya Marekani mzee, hakukuwa na watu humo ndani?

mzee_chumba_cha_giza

Marahaba mwanangu. Umeuliza penyewe.

Walikuwepo. Ile hifadhi haikuwa pori tupu, serikali za majimbo mawili, North Carolina na Tennessee, ilibidi zinunue ardhi kipande kwa kipande, kutoka kampuni za mbao na kutoka kwa wakulima, mashamba madogo zaidi ya elfu moja. Hela ilichangwa mpaka watoto wa shule walitoa senti zao, na mwaka 1928 ikaingia dola milioni 5 za John D. Rockefeller Mdogo kwa kumbukumbu ya mama yake. Wapo wakulima waliouza kwa hiari, wapo waliotoka wanalia, makanisa yao na makaburi yako humo mpaka leo. Na kabla ya hao, Wacherokee, wenyeji wa asili wa pale, wengi wao waliondolewa kwenye nchi hiyo kwa nguvu mwaka 1838, wakafa kwa maelfu njiani na kambini. Kilele kirefu kuliko vyote kule kilibeba jina la mwanasiasa mmoja zaidi ya miaka mia, mwaka 2024 ndo kimerudishiwa rasmi jina la Kicherokee, Kuwohi. Mimi nampenda sana Masa na sitaficha hayo kwa ajili ya kumpenda.

Na hapa kwetu tusiangalie mbali. Kisiwa cha Saanane hapo karibu na Capri Point, wangapi wanajua Saanane ni nani? Ni mtu. Mzee Saanane Chawandi, alikuwa mkulima na mvuvi, kile kisiwa ndo kilikuwa kwake. Mwaka 1964 akahamishwa, ikawekwa bustani ya wanyama, na 2013 ikawa hifadhi ya taifa, kilomita za mraba 2 na kidogo pamoja na maji yake. Leo pimbi wapo, mawe yapo, watoto wa shule wanavushwa kwa boti kwenda kuona, mimi nafurahi sana kwamba kipo. Lakini nikipita pale nalisema jina lake lote, Saanane Chawandi.

mpima_viwanja_mstaafu

Habari wadau. Nimefanya kazi ya upimaji maisha yangu yote, napita haraka kwenye hili la gurudumu maana ndo ninalolijua.

Kijana huhitaji vifaa vya gharama. Chukua gurudumu la baiskeli ya kawaida, lizungushe mara moja chini kwenye simenti ukiwa umeweka alama kwenye tairi, pima huo mzunguko kwa futi kamba ya fundi, funga kitambaa chekundu kwenye spoku moja, alafu sukuma na uhesabu kitambaa kinapita chini mara ngapi. Zidisha. Kwenye njia ya mawe litaruka ruka, kwahiyo pima kwenda na kurudi uchukue wastani, na kwenye mwamba mtupu tumia kamba.

Picha sasa. Chagua sehemu sita au saba ambazo hazitavunjwa kesho, weka alama ndogo ya rangi unaposimama, na kila mwezi upige kutoka hapohapo, lenzi ileile bila kuvuta, urefu wa stendi uleule, uelekeo uandike kwa dira ya simu. Chukua ufito wa mita mbili, upake nyekundu na nyeupe kila nusu mita, mtu ausimamishe kando ya jiwe unalolipiga. Bila ufito huo mtu wa ofisini anaona jiwe tu, akiuona anahesabu mwenyewe zimeondoka mita ngapi. Hakikisha tarehe ya kamera iko sahihi, wengi wanasahau baada ya kubadili betri na ushahidi wote unaharibika. Faili ya kwanza kutoka kwenye kamera usiiguse, ya kung'arisha rangi iwe nakala. Na nakala nyingine ikae nyumba tofauti. Negativu za huyo Masa nimesoma zilitawanyika baada ya kufa kwake na nyingi hazijulikani zilipo, hilo likufundishe.

Kisheria: uchimbaji wa mawe ya kujengea unataka leseni kama madini mengine, na Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inakataza shughuli za kudumu za kibinadamu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa ziwa au mto. Kwahiyo pima pia umbali kutoka chini ya mlima mpaka maji. Barua iwe ya ukurasa mmoja, ramani ya mkono, picha sita tu, mbili mbili za kabla na baada. Ianzie kwa mtendaji wa mtaa, nakala kwa afisa mazingira wa halmashauri, na usiondoke bila nakala yako kugongwa muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Isainiwe na wakazi, sio na wewe peke yako. Hapo swali la umetoka wapi halitakuwepo tena.

Dada wa kokoto ameongea la maana, bei ya ndoo na jina la mnunuzi navyo viandikwe. Hivyo ni vipimo pia.

mtu_wa_kirumba

Mimi sina elimu ya picha ila hiyo miamba wataalamu wanasema ina zaidi ya miaka bilioni 2.5. Fikiria kitu kimekaa muda wote huo alafu kinaishia chini ya msingi wa fremu za maduka ndani ya miaka mitatu. Inaniuma jamani. Kaka nina baiskeli mbovu ghetto, tairi la mbele zima kabisa, njoo uchukue bure.

mpigapicha_wa_alfajiri

Wakuu samahani nimechelewa kurudi, wiki mbili zimepita nilikuwa na harusi tatu.

Mzee wangu shikamoo sana. Uliniuliza niliandika nini nyuma ya zile picha. Hakuna. Jina langu na namba ya simu tu. Nilisoma hilo swali lako usiku nikakaa kimya muda mrefu.

Tairi nimelichukua Kirumba, asante sana ndugu yangu Mungu akubariki. Mzunguko wake ni mita 2 na sentimita 21 nimepima mara tatu. Jumapili nikaanzia kwenye bomba la maji kwenda juu, watoto wakanifuata wanahesabu kwa sauti kitambaa kikipita, kwenda imekuja 311, kurudi 315, nikachukua 313, yani karibu mita 692. Njia nimeipanda miaka sita nikiwaambia watu ni kilomita mbili.

Dada yangu, wewe ulinichoma na nakushukuru kwa hilo. Ni kweli picha zangu zote za wapondaji ni migongo. Nilienda, kamera nimeiacha kwenye begi, nikawasalimia, nikakaa. Saa nzima nimeponda nao, mkono umevimba mpaka nikashindwa kushika remoti jioni. Kuna mama mmoja pale ana miaka ishirini kwenye huo mlima, nikamuuliza mkuyu wangu akacheka, akasema huo wazee walikuwa hawauchomi hata iwe nini, akanitajia na jina la Kisukuma la lile jiwe lililovunjwa. Lilikuwa na jina. Mimi kwenye faili nimeliandika IMG na namba. Nimemuomba ruhusa ya kuliweka hapa akasema subiri awaulize wakubwa kwanza, kwahiyo nasubiri.

Bei za ndoo ameniandikisha zote. Mwenye tipa hakumtaja jina, anamuogopa, na sikumlazimisha. Amekubali kusaini barua kama na wenzake watano watasaini na kama barua itasema kwanza wao waachwe sehemu ya chini ambapo mawe yameshavunjika tayari, na moto upigwe marufuku juu. Mpima viwanja, hiyo inaweza kuandikwa kwenye barua ileile au iwe tofauti? Naomba unijibu kabla ya Ijumaa.

Alafu nilipoinuka kuondoka akaniuliza kwetu wapi. Nikasema Uvira. Akauliza huko kuna milima? Nikamwambia ipo nyuma ya mji, mirefu, imesimama ghafla ukitoka ziwani, mama alikuwa ananionyesha moto wa mashamba usiku ukipanda kama mstari. Akasema basi ndo maana.

Jumapili hii tunapanda wote na ufito wa mzee mpimaji, mtoto wa yule mama ndo atausimamisha. Mama ameahidi kunionyesha ufa maji yanapotokea masika, anasema zamani walikuwa wanateka hapo. Nimepita juu yake miaka sita.